Sungura wa Salumu

Juzi nilimkuta mjukuu wangu akimfuma kwa uzi mnyama wa katuni anayoipenda, akimjaza tumbo kwa vipande vya sponji. Nikasikia harufu ya kafuri, ingawa nyumbani kwangu kafuri haimo.

Utotoni kwetu Zinga, bibi alinifundisha kufuma kwa kulabu, nami nikamfuma sungura wa hadithi zake, awe zawadi ya mdogo wangu Salumu, aliyekuwa mgonjwa. Mchana mmoja nyumba ilijaa wanawake, wakinong'ona. Mimi niliambiwa Salumu anasafiri. Nikaona niharakishe, asije akaondoka mikono mitupu. Sungura alikuwa amebaki kujazwa tu. Mkekani, kando ya bakuli la marashi, nilikuta pamba nyeupe inayonukia kafuri. Nikaichota yote, nikamjaza mpaka akatuna.

"Jamani, ile pamba iko wapi?" mwanamke mmoja aliuliza.

Bibi akamwona sungura mikononi mwangu. Hakunigombeza. Alikaa chini, akafumua mshono wa tumbo, akaitoa pamba kidogo kidogo.

"Hii ni ya Salumu, mjukuu wangu."

"Na sungura ni wake pia, bibi. Mpe aende naye."

"Huko aendako hachukui kitu."

Lakini pamba Salumu aliichukua, niliona. Nikajua ni zawadi yangu tu aliyoikataa, nikamnunia. Alasiri wanaume walipombeba, mimi nilijificha uani na sungura wangu mtupu, makusudi, nisimuage.