Nilimwita Ale, Dalali Akiwa Chumbani Kwangu

Nimemkosea mtu, tena kwa chakula cha mama yangu mzazi. Jina langu liacheni. Ukipita mtaani kwetu Ngarenaro utanikuta nacheka na mafundi wenzangu, nawapigia stori za karakana kubwa nitakayojenga. Ndani yangu ni aibu tupu!

Mimi ni seremala. Ndoto yangu ni kutengeneza vitanda na viti vya hoteli za watalii. Mbao za mgrevilia nilikuwa nanunua kwa Baba Neema, mkulima wa kule juu Meru, anayekata miti katikati ya kahawa yake. Nikampa akiba yangu yote aniletee mzigo mkubwa. Mzigo haukuja. Mkewe aliugua, akapasuliwa, hela yangu ikaishia hospitali.

Nilijua hilo. Ila mteja aliyekuwa anasubiri kazi yangu alishanikimbia, hasira zikanipanda. Nikafungua kesi, nikashinda. Hakulipa. Akaitwa mahakamani ajieleze, hakutokea. Basi ikatoka hati akamatwe, awekwe ndani kama mfungwa wa madai.

Dalali wa mahakama alipanda mlimani akarudi mikono mitupu. Baba Neema akisikia pikipiki tu, anapotelea migombani.

"Dogo, mtoe wewe," dalali akaniambia. "Mimi sichezi kombolela na mzee."

Nikapiga simu. "Shikamoo Baba Neema. Yameisha. Nimekusamehe. Jumapili njoo ule loshoro kwa mama."

Nikasikia analia. "Mungu akubariki, mwanangu. Nitakuja."

Kwetu ukimwita mtu mliyekosana naye mkala pamoja, maneno yameisha hapo. Mama naye aliamini hivyo. Alipika loshoro tangu asubuhi, mahindi yake na maziwa mgando. Baba Neema akaja na suti ya kanisani, mkungu wa ndizi begani. Hajamaliza bakuli, nikakohoa. Ndiyo ishara tuliyopanga. Dalali akatokea chumbani kwangu.

Hakukimbia! Aliweka kijiko chini, akamgeukia mama. "Asante kwa chakula."

Mama alinitazama kama hanijui.

Kesho yake mahakamani, hakimu alimuuliza kama ana sababu yoyote ya kutofungwa. Angeweza kueleza ugonjwa wa mkewe. Akanitazama mimi, akasema, "Sina neno." Na mimi niliyejua kila kitu, nikakaa kimya. Jamani!

Akapelekwa gerezani. Nje karani akaniambia nilipie chakula chake cha gerezani, kila mwezi.

"Mimi tena? Si yeye ndiye anayedaiwa?"

"Wewe ndiye uliyeomba afungwe. Ukiacha kulipa, anatoka. Na deni lako linabaki palepale."

Nikafika nyumbani nalalamika. Mama hata hakuinua kichwa kwenye mchele aliokuwa anachagua.

"Si ulimwita ale? Haya, mlishe."

Nikamlisha. Hela niliyoanza kuweka upya kwa ajili ya mashine ya randa ikaenda huko. Kule mlimani kahawa ikaivia mitini mpaka ikadondoka, maana mkewe mwenye mshono tumboni angeichuma vipi? Na mbao je, nani angezikata? Nimemfungia ndani mtu pekee wa kunilipa! Ila siyo hasara iliyoninyima usingizi. Ni kile kijiko alichoweka chini taratibu.

Nikarudi mahakamani mwenyewe, nikaomba aachiwe.

Sasa analipa. Anashusha mbao chache chache, deni linaelekea kwisha. Nilimwomba msamaha, akanijibu, "Yameisha, mwanangu." Neno lilelile nililomtegea kwenye simu!

Wewe unayemdai mtu, dai. Mahakama ipo, na jasho lako ni haki yako. Lakini kama unajua shida iliyompata, iseme mbele ya hakimu, usijifanye bubu kama mimi. Na nakusihi, usimwambie mtu umemsamehe ili umkamate. Siku utakayotaka kusamehe kweli, utalitoa wapi neno lingine?

Kila akileta mbao, mama hutoka kumkaribisha. "Ingia, Baba Neema. Chakula kipo mezani."

Naye, jua la mchana utosini, midomo imemkauka kwa safari, husimama palepale getini.

"Asante, mama. Nimeshakula."