Foleni ya Bidoni Ndani ya Ukumbi

Kuna asubuhi moja ambayo bado naikumbuka vizuri, mwanangu, na nimeona nikusimulie kabla hujafungua milango ya maonyesho yako. Nimesikia utaonyesha utoto wetu wa Bukavu: vigari vya nyaya, mipira ya mifuko, masufuria ya mama zetu. Nimesikia pia kwamba wataingia wenye kadi za mwaliko peke yao, maana unaogopa watu wa mtaani watashikashika vitu. Hapo nilicheka peke yangu jikoni, mpaka wajukuu wakaja kuuliza kama niko mzima.

Nilikuwa msichana bado, sijaolewa. Papa, baba yangu, aliuza vitenge sokoni Kadutu. Baba yake alitoka pwani ya mashariki, akafikia Uvira, na huko Uvira baba yangu mdogo alikuwa na duka lililohitaji mtu wa kulikalia. Papa alikuwa ameshaamua. Nifanye maonyesho yangu mara moja, roho itulie, kisha nipande gari niende Uvira nikauze dukani. Hakuwa mtu mkali, Mungu amrehemu. Alikuwa tu hajaona kuchora kunamfikisha mtu wapi. Mimi Uvira sikuitaka hata kidogo. Nilitaka kuchora mpaka nizeeke, na unaona mwenyewe nimezeeka.

Kijana mmoja aliyeitwa Deo, tuliyesoma naye, aliniombea ukumbi wa mtaa. Ukutani nilibandika michoro ya watoto wanaongoja maji: wengine wanacheza vijiwe, wengine wanapigana, mmoja amelala juu ya bidoni yake, dumu la maji. Kisha nikatafuta bidoni za kweli, zile za manjano, nikazipanga moja nyuma ya nyingine kuanzia barazani, zikaingia mlangoni, zikafika mwisho wa ukumbi, kwenye robine, koki ya maji, niliyoipigilia ukutani. Robine hiyo haikuunganishwa na bomba lolote. Nilijiona fundi kwelikweli.

Sasa wewe ni mtoto wa mji huu, unajua bidoni zikipangwa mstari barabarani maana yake nini. Maji yalikuwa yamekatika mtaani siku kadhaa. Nilikwenda nyuma kunawa rangi mikononi, na niliporudi, foleni yangu ilikuwa imeshuka ngazi za baraza na kufika barabarani. Wamama walikuwa wameleta bidoni zao, kila moja na alama yake, kitambaa au tone la rangi, na tayari walikuwa wanagombana.

“Miye ndiye niko wa kwanza! Weye ulitoka wapi?”

“Mama, usinisukumie bidoni!”

Deo alipandisha sauti akitaka kuwafukuza. Maman Nsimire, jirani yetu, mama wa makamo mwenye kitenge kilichofungwa vizuri, alikuwa ameshafika kwenye robine. Akaifungua. Akaifunga, akaifungua tena. Akainama kutazama chini yake, kisha akanigeukia.

“Mutoto wa Papa Rajabu, iko wapi mayi?”

“Maman, hakuna mayi. Ni maonyesho.”

Akanitazama kama anayengoja nimalizie sentensi. Alipoelewa, aliangua kicheko hadi akakalia bidoni, na waliokuwa nyuma yake wakaanza kucheka mmoja mmoja, isipokuwa wawili walionitukana, na walikuwa na haki. Ndipo Papa akaingia. Alikuwa amefunga duka kwa ajili yangu, amevaa kofia yake safi ya Ijumaa. Alikuta zogo, Deo anasukuma watu, na binti yake amesimama katikati na mikono ya rangi.

“Ni hii ndiyo kazi yako?” akaniuliza polepole. “Kudanganya wamama mayi iko hapa?”

Niliona Uvira mbele yangu, duka, meza, na maisha yangu yote nyuma yake. Nilitaka kulia.

Deo akasema, “Wamama, tokeni sasa, tuko nangojea waalikwa.”

Maman Nsimire akaacha kucheka. “Tutoke? Utatufukuza mu maisha yetu wenyewe? Huyu kwenye picha ni miye!” Akanyoosha kidole kwenye mchoro wa mtoto aliyelala. “Angalieni, amefunga kamba kwenye bidoni na kwenye mukono. Na miye nilifanyaka vile. Ukisinzia, wakisogeza bidoni yako, unaamuka!”

Wamama wakasogea. Kila mmoja akawa na lake la kusema, nani alimwibia nafasi, nani alipata mchumba kwenye foleni. Papa naye akasogea. Alisimama mbele ya mchoro ule muda mrefu.

“Nani alikuelezea habari ya kamba?”

“Hakuna, Papa. Ni miye. Kila asubui mbele ya masomo. Weye ulikuwa umeisha kwenda dukani.”

Akanishika mkono, akaugeuza, akautazama pale penye kifundo kana kwamba alama ingekuwepo bado. Akaniomba nimwonyeshe michoro iliyobaki, mmoja baada ya mwingine, na nilipofika kwenye wa mwisho akavua kofia akajipangusa uso. “Uvira watatafuta mutu mwingine,” akasema. Nilifurahi, mwanangu, nikafurahi kama mtoto.

Kwa hiyo nakushauri hivi. Kadi zako wape unaotaka, lakini mlango uache wazi. Ukichukua maisha ya watu ukayatundika ukutani, wenyewe watakuja, watakosea, watashika, watakucheka, na pengine watakutukana kidogo. Usiwe askari wao. Kaa chini usikilize, maana wana nusu ya hadithi ambayo wewe hukuichora. Na wazazi wako usiwakasirikie wakisema hawaelewi. Wengi wao walikuwa kazini mlipokuwa watoto, hawakuwaona. Waonyeshe.

Mungu aibariki mikono yako, aupe ukumbi wako kelele na vicheko. Na papa yako akisimama mbele ya picha moja asiseme neno, Mungu akupe subira ya kumngoja.