Ukungu wa Mzee Younis

Siku Gatwiri alipopelekwa mara ya kwanza kwa wakwe zake kule Kianjokoma, mama mkwe alimuuliza anafanya kazi gani. Gatwiri alitaka kurahisisha mambo, akajibu, "Ninaandika kodi."

Mama mkwe aliweka kikombe cha chai chini. Kuanzia hapo hakuna mtu aliyetaja tena idadi ya ng'ombe wala mashina ya majani chai, na kuku waliokuwa wakizurura uani wakapotea ghafla kana kwamba wameitwa mkutano. Ilibidi Njiru, mumewe, acheke mpaka atokwe na machozi ndipo aweze kueleza. "Mama, si kodi ya serikali! Ni kodi za magonjwa."

"Ngai! Hata magonjwa sasa yanatozwa?"

Miaka kumi na tisa imepita na mama mkwe bado humtania hivyo. Lakini kazi yenyewe, ukiielewa, ni ya ajabu. Kila ugonjwa duniani una namba yake, ile ambayo kwa Kiingereza huitwa "code". Kila mmoja! Malaria ina yake, kuvunjika mkono kuna yake, kuumwa na nyuki kuna yake, na hata kugongwa na ng'ombe kuna namba, mtu fulani alikaa mahali akaifikiria. Daktari akimaliza kumtibu mgonjwa, faili hushuka mpaka chumba cha kumbukumbu, na hapo Gatwiri husoma kila ukurasa, kisha huugeuza ugonjwa kuwa herufi na tarakimu. Kompyuta haisomi maandishi ya daktari. Inasoma namba tu.

Alizaliwa Kangeta. Huko mtoto huanza kuchambua miraa kabla hajajua kuandika jina lake: fupi huku, ndefu kule, aina iitwayo giza isichanganyike na ile iitwayo kangeta. Shuleni alitaka kuwa muuguzi, ila siku ya kwanza alipoona damu alianguka chini kama gunia. Mwalimu mmoja akamwambia kuna kazi ya hospitali isiyo na damu. Gatwiri akaenda kuisomea, akapata chumba chenye rafu mpaka darini katika hospitali moja ya mjini Meru, akakodi nyumba Kinoru, na hajawahi kutamani kazi nyingine. Yeye huingia kazini akiimba kimoyomoyo. Watu kama hao ni wachache.

Basi Ijumaa moja, saa nne na nusu asubuhi, mzee mmoja aligonga dirisha la kumbukumbu. Alikuwa mrefu, amevaa kofia nyeupe iliyofumwa, na mikono ya shati ameishusha mpaka kwenye vidole ingawa jua lilikuwa kali.

"Mama, salama? Hebu niangalie vizuri. Mimi ni mkate?"

"Salama, mzee wangu. Mkate kivipi?"

"Nauliza kwa sababu najua mkate ndio huota ukungu." Akapitisha karatasi chini ya kioo. "Naitwa Younis. Nasafirisha miraa kutoka Maua. Soma hapo."

Ile karatasi ilikuwa ya muhtasari, ambayo kila mgonjwa hupewa kwa Kiswahili. Ni Gatwiri mwenyewe aliyepigania iwe kwa Kiswahili, miaka miwili akiandika barua kwa wakubwa, ili watu waelewe wanachougua. Iliandikwa: *Ugonjwa: Ukungu wa ngozi. Namba: B36.9.*

"Sasa," mzee Younis akaendelea, "Daktari Kiende aliniambia kwa mdomo wake, mbele ya mke wangu Nurto, kwamba hii ni saratani. Ilianza kwenye ngozi, ikaingia kwenye tezi. Akasema Jumanne anakuja daktari wa saratani kutoka Nairobi, nimwone. Leo nimeenda kuuliza nitakuwa wa ngapi kwenye foleni, wananiambia jina langu halimo. Niende nikapakwe mafuta!"

Gatwiri alijua mara moja. Orodha ya yule daktari wa Nairobi hutengenezwa na kompyuta. Inachukua kila mgonjwa ambaye namba yake inaanza na C, ambayo ndiyo herufi ya saratani. Wa B haimtazami. Na orodha hufungwa Ijumaa saa sita mchana. Akikosa leo, daktari atarudi baada ya wiki sita.

"Kaa hapo kwenye benchi, mzee. Usiende popote."

Akalichomoa faili. Ukurasa wa majibu ya kipande cha ngozi kilichopimwa Nairobi ulikuwa na maneno mawili: *mycosis fungoides*. Ukisoma maneno hayo haraka, unaona nini? Unaona fangasi. Mara mbili! *Mycosis* ni fangasi, *fungoides* ni kama fangasi. Akaenda kwenye kitabu kikubwa cha namba, kile cha jalada jekundu, akafuata kwa kidole. Huo ugonjwa haukuwa fangasi hata kidogo. Ilikuwa saratani ya chembe nyeupe za damu zinazokaa kwenye ngozi. Daktari mmoja wa zamani sana aliona uvimbe wa mgonjwa umechomoza kama uyoga, akaupa jina la uyoga, na jina likang'ang'ania zaidi ya miaka mia mbili. Mtu akosee kutazama mara moja tu, halafu mzee wa Maua apakwe mafuta ya mashilingi, yale mabaka ya fangasi!

"Ni C84.0," alimwambia Gitobu, mkubwa wake, aliyekuwa meza ya pili akimenya ndizi.

"Rekebisha basi, mama wa kodi. Sekunde mbili."

Akaandika. Kompyuta ikakataa. Ilitaka tarakimu moja zaidi, ya mahali: saratani imeingia tezi za wapi? Moja ni shingoni, mbili ni ndani ya kifua, tatu ni tumboni, nne ni kwapani. Gatwiri akarudi kwenye faili. Daktari Kiende alikuwa ameandika, kwa mwandiko unaolala kama nyasi baada ya mvua: *tezi za kifua zimevimba*.

"Weka mbili," Gitobu akasema. "Kifua ni kifua."

"Si kifua. Mama yangu akiumwa kwapa husema kifua. Akiumwa ziwa, kifua. Hapa kwetu kuanzia shingo mpaka kitovu ni kifua. Na picha ya kifua haimo kwenye faili."

"Basi weka sifuri. Sifuri ni 'mahali hapajulikani'. Si inakubali?"

"Inakubali. Halafu Jumanne daktari anaona sifuri, anasema huyu hajapimwa vizuri, arudishwe. Wiki sita, Gitobu."

"Na ukikosea tena?"

"Ndiyo sababu sibahatishi."

Saa ilikuwa tano kasoro dakika kumi. Gatwiri akabeba faili, akapita mbele ya benchi mbio mbio. Mzee Younis akanyanyuka nusu. "Mama, wanifukuza au wakimbia wewe?"

"Kaa!"

Daktari Kiende hakuwa kliniki. Wodini akaambiwa ameenda chumba cha upasuaji. Huko akaambiwa ametoka sasa hivi, hajanywa chai tangu alfajiri. Alimkuta kwenye mkahawa wa hospitali, chapati mkononi, macho mekundu kwa uchovu.

"Daktari, shikamoo ya haraka. Mzee Younis wa Maua. Tezi za kifua, ni za wapi?"

"Si niliandika kifua?"

"Uliandika. Nje au ndani? Kwapani au katikati ya mapafu?"

Daktari akaacha kutafuna. "Kwapani nilipapasa, hakuna kitu. Ni ndani. Katikati ya mapafu, zinaonekana kwenye picha. Picha anayo mwenyewe nyumbani, ameitunza kama cheti cha ndoa." Halafu akamtazama. "Kwani kuna shida?"

"Ipo, ila inakwisha. Niandikie hapa, daktari, na usaini. Neno la mdomo haliingii kwenye kompyuta."

Daktari akaandika *tezi za ndani ya kifua*, akasaini, akaacha na alama ya mafuta ya chapati pembeni. Gatwiri akaondoka bila hata kuaga. Saa sita kasoro dakika kumi na mbili alikuwa kwenye kiti chake. C84.02. Kompyuta ikafikiri kidogo, ikakubali. Akafungua orodha ya Jumanne, akashuka nayo taratibu. Namba kumi na saba: Younis, wa Maua. Akapumua kwa sauti mpaka Gitobu akacheka.

Alichapisha karatasi mpya, akatoka nayo mwenyewe badala ya kuipitisha chini ya kioo. Akaketi kando ya mzee. Mzee Younis akaisoma polepole, midomo ikicheza: *Saratani ya ngozi iliyoingia tezi za ndani ya kifua.*

"Hii sasa ndiyo yangu," akasema. Akaikunja mara nne, akaitia mfuko wa shati. "Si nzuri, lakini ni yangu. Daktari alisema ina dawa, na kwamba huenda polepole."

"Jumanne, saa mbili. Wewe ni wa kumi na saba." Gatwiri angeweza kuishia hapo. "Mzee, kuna jambo. Ile karatasi ya kwanza, ya ukungu. Ni mimi niliyekosea. Si kompyuta, si daktari. Nilisoma haraka."

"Najua."

"Unajua?"

"Jina lako liko chini pale, mama. 'Imejazwa na Gatwiri', na beji yako inasema hivyo hivyo. Kwa nini unafikiri nilikuja dirisha hili? Dirisha la malalamiko liko kule mbele na lina viti vizuri. Nurto alinisukuma niende huko. Nikamwambia, kwanza nimwone aliyeandika. Akikana, ndipo niende."

Gatwiri akacheka, macho yakiwa na maji. Mzee akasimama, akaweka kofia yake sawa, akamwomba amwonyeshe njia ya kliniki ya Jumanne leo leo, asije akaitafuta siku yenyewe. Wakaenda pamoja kupitia kwenye ukumbi mrefu, mzee akihesabu milango kwa sauti.