Mistari Chini ya Bati Lililoinama

Pitchou, au Baba Hénock kama tunavyomwita kwa jina la mtoto wake, jirani yangu wa mtaa wa Malvern, ni mpole mpaka umguse kwenye mistari yake. Siku za kazi analinda geti la ofisi moja kule Randburg. Siku za mapumziko anaandika majina ya maduka ukutani. Thubutu kumwambia herufi zake zimepanda au zimeshuka: atakutolea rula, ile pembetatu ya mbao anayoiita ekeri, na mahubiri juu yake.

Mwaka 2017 mkewe, Brigitte, alipata chumba chake mwenyewe cha biashara Jules Street, ukuta kwa ukuta na duka langu la vitenge. Miaka yote alikuwa akisuka nywele kwenye saluni ya mwanamke mmoja mjini, aliyezoea kumwambia mbele ya wateja kwamba hatafika popote. Jumamosi angefungua ya kwake, na mwanamke huyo aliahidi kuja kuona. Mnaelewa alitaka kuona nini.

Alhamisi Pitchou, aliyeomba ruhusa ya siku mbili kazini, akapanda ngazi. Akaweka pimamaji ukutani, akachora mstari wa kwanza wa kuongozea herufi. Akalaza ubavu mmoja wa ekeri kwenye mstari huo, akaegemeza rula kwenye ubavu wa pili, akaikandamiza isicheze, kisha akaiteremsha ekeri taratibu na kuchora mwingine, na mwingine. Sambamba kabisa. Kabla ya jioni jina lilikuwa juu, jekundu: CHEZ BRIGITTE, yaani Kwa Brigitte.

Brigitte akavuka barabara kulitazama. Nilimwona uso ukimshuka.

"Baba Hénock, jina iko inapinda."

"Haiko inapinda. Bati njo iko inapinda. Angalia pimamaji!"

Wote wawili walikuwa sahihi, na hilo ndilo lililoniudhi. Bati la nyumba ile limeinama upande mmoja tangu tulijue. Chini yake, kilichonyooka kilionekana kimelewa.

"Miye sitasimama ku barabara kuelezea kila mutu mambo ya bati," Brigitte akasema, akaingia ndani. Nikamsikia akilia kupitia ukutani.

Pitchou alibaki amekaa kwenye ngazi. Mimi mdomo wangu haujui kutulia, nikamuuliza, "Baba Hénock, kwani Jumamosi pimamaji ndiyo itakuja kusukwa nywele?"

Ijumaa akafuta kila kitu kwa thina. Safari hii mstari wa kwanza aliuchora akifuata ukingo wa bati, na mingine yote ikafuata huo, kwa ekeri ileile na rula ileile. Alichora kama mtu anayemeza dawa chungu. Nilimhurumia, nasema kweli.

Jumamosi yule mwanamke alikuja. Akasimama ng'ambo ya barabara akilikagua jina kushoto na kulia, akitafuta kasoro asiione. Mwishowe akaingia, akakaa kitini, na Brigitte akamsuka.

Hadi leo Pitchou, akipita pale kwenda kupanda teksi, huinamisha kichwa kidogo upande mmoja, ili walau kwake yeye jina linyooke. Wateja wanadhani anasalimia. Brigitte, anayejua sababu, huacha kusuka na kuinamisha chake pia.