Halua ya Wageni wa Burgao

Harufu ya hiliki na samli ikinifikia dukani hapa Kismayu, mkono wangu wa kulia hujificha wenyewe ndani ya buibui. Mimi ni mtu wa nyumbani. Kwenda sokoni na kurudi ni safari ya kunitosha mwezi. Lakini harufu hiyo hunirudisha hadi kisiwani kwetu Chovae, nikiwa na miaka sita na adabu ya paka.

Siku hiyo wazee kutoka Burgao walikuwa wanakuja kumposa mama mdogo, Mwanaisha. Baba alileta halua kutoka mjini, imejaa kikapu cha ukili, uso wake uking'aa. Bibi akaiweka juu ya kasha, akatupa watoto sheria moja tu: isiguswe mpaka wageni waile. Mwanaisha alikuwa akifukiza nguo zake udi kwa mara ya tatu.

Nilijizuia, nawaapia, mpaka watu wote walipotoka uani. Nikachovya kidole kimoja. Kikabaki kishimo. Nikaona nisawazishe: nikala kidogo pembeni. Pembeni pakawa chini kuliko katikati, nikaitengeneza katikati. Fundi wa mashua hanishindi kwa uangalifu. Nilipomaliza halua ilikuwa sawa kabisa, ila imeshuka hadi nusu ya kikapu.

Bibi aliingia, akatazama kikapu, kisha kidevu changu kilichojaa samli.

"Mkono wakushinda, mwanangu?"

Nikamwambia wanishinda. Nilingoja kofi. Akaniosha mkono, akakata iliyobaki vipande vidogo vidogo, akanipa mimi sahani nizipeleke sebuleni. Nilizipeleka moja moja, pua juu ya halua, na sikuonja. Wazee wakasifu, posa ikakubaliwa. Jikoni kila mama akapata kipande chake. Bibi akanywa kahawa tupu. Nilipomuuliza, akasema leo hana hamu. Nikamwamini, nikafurahi kwamba kosa langu halikumpunguzia mtu kitu.

Miaka mingi baadaye kitinda mimba wangu alizimaliza sambusa za futari. Nikajisikia nikisema sina hamu, huku tumbo likinguruma. Ndipo nilipomwelewa bibi, mwanamke aliyekuwa akilamba hata ukili wa kikapu.

Sikumpiga mwanangu. Nilimwosha mkono, nikakaanga nyingine, nikampa sahani ya jirani aipeleke. Njiani ilipungua sambusa moja tu. Kwa ukoo wetu, hayo ni maendeleo.