Stesheni ya Homa Bay Iliyokosa Reli

Wageni walicheka wakiona neno "Stesheni" pale gatini Homa Bay, maana treni haijawahi kufika kwetu. Sisi hatukuona ajabu. Meli za ziwani ziliendeshwa na watu wa reli, na ukikata tiketi pale ulifika Kisumu kwa maji, halafu ukapanda treni ya Nairobi. Jengo lenyewe lilikuwa dogo: dirisha la tiketi, mizani ya mizigo, mabenchi mawili na paa la mabati. Wazee walisimulia kwamba zamani marobota ya pamba yalipangwa hadi mlangoni. Nilipohamishwa kutoka Rongo kuja kufundisha Homa Bay, mwanzoni mwa miaka ya tisini, pamba ilikuwa imekwisha. Palibaki magunia ya omena, wale dagaa wa ziwani, na ya karanga, kuku, na abiria.

Stesheni masta alikuwa Mkamba mwembamba, shati lake jeupe limepigwa pasi kila siku. Alikuwa ametumikia miaka mingi katika stesheni ndogo za viungani mwa Nairobi. Siku moja nilimuuliza kama hakuona ameshushwa cheo kuletwa mahali pasipo reli.

"Mwalimu," akasema, "abiria ni abiria. Anataka kujua ataondoka saa ngapi, na akae wapi akingoja."

Na hayo aliyashika. Saa za meli aliziandika ubaoni kwa chaki kila asubuhi. Meli ikichelewa, alitoka nje akaeleza sababu kwa Kiswahili, kisha kwa Dholuo chake cha kubahatisha, na akina mama wa samaki wakacheka hadi wakasahau kukasirika.

Kisha magugu maji yakaingia ghubani. Asubuhi unaona maji, jioni unaona shamba la kijani. Wakati huohuo mama yangu alipasuliwa tumbo Kisumu. Daktari alimkataza kurudi kwa barabara kwa sababu ya mashimo, kwa hiyo dada yangu akampandisha meli aje apone kwangu kwanza.

Nilifika gatini kabla ya adhuhuri. Meli tuliiona ikija, halafu ikasimama mbali, katikati ya magugu. Injini ikanguruma, moshi ukapanda, kisha kimya.

Masta akaja kando yangu. "Una mtu ndani?"

"Mama. Mshono wake haujapona."

Hakuniambia nitulie. Alikwenda moja kwa moja kwa wavuvi waliokuwa wakishona nyavu.

"Wazee, abiria wangu wako pale. Nisaidieni."

Mvuvi mmoja akamtazama. "Masta, wewe unajua kuogelea?"

"Sijui."

"Basi baki hapa. Sisi tutaenda."

"Nikibaki, nitawaambia nini hawa wanaongoja?"

Akavua viatu, akaviweka vizuri chini ya dirisha la tiketi, akapanda mtumbwi wa kwanza. Mitumbwi sita iliingia kwenye magugu. Walikata kwa panga, wakasukuma kwa miti mirefu, hatua moja moja. Kuna wakati hatukuwaona kabisa, tukabaki kusikia sauti zao tu. Nilisimama mpaka miguu ikafa ganzi.

Jua lilikuwa limeanza kushuka waliporudi. Mama alikuwa amelazwa kwenye magunia, na Masta amechuchumaa kando yake, shati lake limegeuka kijani. Tukambeba hadi kwenye benchi. Nilipogeuka kumshukuru Masta, alikuwa ameshapanda mtumbwi tena. Alikwenda na kurudi mpaka mtu wa mwisho aliposhuka melini.

"Huyo mtu alinishika mkono njia nzima," mama aliniambia. "Wake ulitetemeka kuliko wangu."

Mama alipona. Lakini safari za meli zilizidi kupungua, na mwishowe hakuna iliyokuja tena. Masta aliendelea kufungua dirisha kila siku, akifagia, akiwajibu waliouliza, mpaka barua ya kumhamishia Ukambani ilipomfikia. Siku ya kuondoka kwake mama alifunga safari kutoka Rongo na jogoo mwekundu kwapani.

"Mama, nitamfikishaje huyu Ukambani?" Masta akauliza.

"Utamshika," mama akamjibu. "Kushika unajua."

Masta akacheka, akampokea jogoo kwa mikono miwili. Wavuvi wale walimbebea sanduku mpaka stendi ya basi, nami nikafuata nyuma na mama, tukitembea polepole.