Askari wa Jumapili Aenda Kuposa

Katika televisheni ndogo ya Butembo, miaka ile ya vita, mimi ndiye niliyekuwa askari wa kila mchezo. Mama alinizaa Kisangani, nikaokota mitaani Lingala, lugha ya askari wa kwetu. Kinande nilirithi kwa baba. Basi mchezo ukihitaji mnyang'anyi wa kuwafokea watu kwa Lingala barabarani, niliitwa mimi. Nafasi za mchungaji na bwana harusi walipewa wenye sura za kusikitikiwa. Mimi kila Jumapili niliiba kuku wa wajane, na mji mzima ulinichukia. Nilivimba kichwa. Sokoni akina mama walivuta mabeseni yao nikipita, nami nikahesabu hiyo kuwa sifa.

Sifa hiyo ilinitokea puani siku niliyokwenda Beni kuposa. Msichana tulipendana kweli, na bila yeye nisingeoa. Nilivaa suti ya kuazima, nikaongozana na baba mdogo, msemaji wetu, pamoja na mbuzi wa kwanza wa mahari, kama desturi yetu Wanande. Baba wa msichana alikuwa mzee wa kanisa la Kiprotestanti. Mkewe aliponiona tu, alikusanya kuku wake wote akawafungia jikoni, naye akabaki humo kuwalinda.

"Donc ni weye," mzee akasema. "Dimanche, kisha ibada, tulikuona ku télé ya jirani, unapiga mama mujane teke."

"Papa, ule hapana miye. Ni muchezo tu."

"Mais ile Lingala ilikuwa ya kweli."

Baba mdogo alianza methali, mzee akamnyamazisha kwa mkono. Akatueleza kwamba askari walipita shambani kwake Oicha, wakapora kakao, wakambebesha kijana wake wa kwanza magunia. Kijana hakurudi. Hakuna aliyekuja kusema neno. Msichana wangu, aliyesimama mlangoni, hakuwahi kuniambia kama alikuwa na kaka. Nilimwonea uchungu, na suti ikanibana kila mahali.

"Ku télé unafanyaka ule askari vile unapenda," mzee akasema. "Leo umufanye aombe pardon. Kisha tutaongea mambo ya mutoto yetu."

Mimi, bingwa wa kelele, nilipiga magoti, nikatoa ile sauti nzito ya Jumapili, ila polepole: "Bolimbisi nga, tata. Mwana na bino, biso nde tozwaki ye." Nisamehe, baba. Mwanao, ni sisi tuliomchukua.

Mzee alifumba macho. "Sema tena."

Nikasema tena. Mama wa msichana akatoka jikoni, akaja hadi nilipopiga magoti, akanitazama usoni kama mtu aliyenitafuta siku nyingi.

"Lakini chakula mulimupatia?" akaniuliza. "Alikulaka?"

Nilimtazama baba mdogo. Aliangalia sakafu.

"Alikulaka, mama," nikajibu kwa sauti ya askari. "Alishiba."

Alitikisa kichwa kukubali, muda mrefu. Kisha akamwambia binti yake alete maji, mkwe anawe mikono.